Mwosha Hapendi Kifo

Katika kila mji yuko mtu ambaye huitwa nyumba inapofikwa na msiba. Huja kimya, huomba maji, shuka na pamba, hufunga mlango, na hufanya kwa mikono yake kazi ambayo aghalabu jamaa wa marehemu hawaiwezi kwa machozi. Atokapo watu humshukuru kwa sauti ya chini, kisha humpisha njia kama kwamba mauti yamemganda nguoni. Watoto humwogopa. Walakini hakuna mtu mwenye akili timamu aliyepata kusema kwamba mwosha maiti hupenda kifo. Sote twajua kwamba hupenda heshima ya binadamu, na kwamba bila ya yeye wafu wetu wangezikwa pasipo kutunzwa.

Haki hii tunayompa mwosha twamnyima mtu mwingine ambaye kazi yake yafanana na ya mwosha kwa mengi. Mtu huyo ni mhariri wa filamu za mambo ya kweli, hasa yule aliyechagua, filamu baada ya filamu, kushughulika na vita, mauaji na mateso ya wakimbizi. Juu yake husemwa mambo matatu. Husemwa kwamba apendaye habari za giza ana giza moyoni. Husemwa kwamba huwapa wauaji jukwaa. Husemwa kwamba kazi yake huwadhuru watazamaji, hasa vijana, ambao hawawezi kuistahimili. Mimi nayakana yote matatu. Nataka kuonyesha kwamba mtu huyu anastahili heshima, na kwamba lawama anayotupiwa yeye ilimpasa mwingine.

Kwanza na tuijue kazi yenyewe, maana hukumu isiyojua kazi ni matusi tu. Watu wengi hudhani kwamba filamu hutengenezwa na yule aliyeshika kamera. La hasha. Kamera huokota, mhariri huchagua. Filamu ya kubuni huwa na hadithi iliyoandikwa kabla ya kazi kuanza, lakini filamu ya mambo ya kweli haina. Mwongozaji huenda mahali, hukaa na watu miezi au miaka, na hurudi na mamia ya saa za picha na sauti, zisizo na mwanzo wala mwisho. Picha hizo huwekwa mbele ya mhariri. Zamani aliikata filamu yenyewe na kuiunga kipande kwa kipande. Siku hizi hukata kwa kompyuta, lakini kazi ya akili haikubadilika. Kipi kitangulie na kipi kifuate? Uso huu ukae machoni petu kwa nukta ngapi? Kimya hiki kiachwe au kikatwe? Neno hili la uongo lipite hivi hivi, au liwekwe karibu na neno jingine litakaloliumbua?

Ukubwa wa kazi hiyo waweza kupimwa kwa hesabu ndogo. Filamu iitwayo The Act of Killing, iliyotolewa mwaka 2012, ilitokana na picha za zaidi ya saa 1,000. Mtu atazamaye picha kwa saa 8 kila siku, bila ya kupumzika hata Jumapili, angehitaji siku 125 ili azimalize saa 1,000 mara moja. Na mhariri hatazami mara moja. Katika hizo zote, toleo fupi la filamu lilichukua karibu saa 2, na toleo refu saa 2 na dakika 39. Maana yake ni kwamba kwa kila saa moja tuliyoonyeshwa, zaidi ya saa 300 ziliachwa. Ambaye huamua juu ya saa 300 ili tupate moja si kibarua wa mkasi. Huyo ni hakimu.

Mmoja wa wahariri wa filamu hiyo, maana walikuwa kadhaa, ni Niels Pagh Andersen, mtu wa Denmark. Namchagua yeye kuwa mfano kwa sababu maisha yake ya kazi yamepita katika giza kwa muda mrefu, wala hakupita kwa bahati mbaya. Mwaka 2004 ilitolewa filamu aliyoihariri pamoja na mwongozaji wake, Pirjo Honkasalo wa Ufini, juu ya watoto wa vita vya Chechnya, iitwayo The 3 Rooms of Melancholia. Filamu hiyo ina sehemu tatu. Ya kwanza iko katika shule ya kijeshi ya Kronstadt, karibu na St. Petersburg, ambako wavulana wadogo wa Kirusi hufundishwa uaskari. Ya pili imo katika magofu ya mji wa Grozny, ambako watoto watenganishwa na mama yao mgonjwa. Ya tatu iko Ingushetia, miongoni mwa watoto waliokimbia. Maneno ni machache sana ndani yake. Nyuso za watoto ndizo zisemazo.

Baada ya hiyo zikaja filamu mbili za mwongozaji Joshua Oppenheimer juu ya Indonesia: The Act of Killing, niliyoitaja, na The Look of Silence ya mwaka 2014. Mwaka 2017 ikafuata Human Flow ya msanii wa Kichina Ai Weiwei, juu ya wakimbizi wa dunia nzima. Watoto wa vita, wauaji, ndugu wa waliouawa, wakimbizi: ndiyo safari ya mhariri mmoja. Sasa na tuzitazame zile lawama tatu.

Lawama ya kwanza ni ile ya giza la moyo. Kama mtu huyu angekuwa apenda giza kwa giza lake, angefanya lililo rahisi, yaani angetuonyesha damu. Lakini katika filamu zile mbili za Indonesia hakuna picha hata moja ya mauaji yenyewe ya mwaka 1965. Kuna wazee wanaozungumza. Kuna michezo ya kuigiza ambayo wauaji walijitungia wenyewe. Kuna nyumba, bustani, mto, kiti cha mzee na miwani ya kupimia macho. Apendaye damu hawezi kukaa miezi na miezi akitafuta nukta ambayo uso wa mwongo unabadilika. Kazi hiyo yataka subira, na subira haiishi na ulafi. Mchawi na mganga wote wawili hushika sumu, lakini hatuwaiti kwa jina moja. Twawapambanua kwa kusudi la mikono yao.

Lawama ya pili ina nguvu zaidi, nami sitaipita kando. Katika The Act of Killing wauaji ndio wasemaji. Mkubwa wao katika filamu ni Anwar Congo wa mji wa Medan, katika kisiwa cha Sumatra. Kabla ya mauaji alikuwa jambazi mdogo na mlanguzi wa tiketi za sinema. Mwaka 1965 na 1966, wakati watu walioitwa wakomunisti walipouawa kote Indonesia, idadi yao ikikadiriwa kuwa kati ya nusu milioni na milioni moja, yeye alikuwa miongoni mwa wauaji. Mwongozaji aliwaambia yeye na wenzake waigize mauaji yao kwa namna waipendayo, nao waliigiza kwa mtindo wa sinema za Kimarekani walizozipenda ujanani. Watu husema: je, hili si jukwaa? Je, muuaji hapewi hapa taji badala ya kamba?

Jibu liko katika mkono wa mhariri. Mapema katika filamu, Anwar apanda juu ya dari la nyumba ambako aliwaua watu wengi. Aonyesha jinsi alivyowanyonga kwa waya, ili damu isimwagike sana. Kisha acheza dansi pale pale. Mwishoni mwa filamu arudi mahali hapo usiku. Ajaribu kueleza tena, lakini mwili wake wakataa: apiga kite, atapika pasipo kutoka kitu, akaa chini, ainuka, atapika tena. Mahali ni pale pale, mtu ni yule yule. Iondoe mara ya kwanza, na ya pili itakuwa kikohozi cha mzee. Iondoe mara ya pili, na ya kwanza itakuwa majivuno ya jambazi. Ziweke zote mbili kila moja mahali pake, na kati yake uweke safari ndefu ya mtu anayejitazama. Hapo utakuwa umempa mtazamaji ushahidi ambao hakuna mahakama iliyoupokea. Maana Anwar Congo alikufa mwaka 2019 bila ya kushtakiwa kwa mauaji hayo. Filamu haikumsamehe, wala haikutuambia kama kutapika kule ni toba ya kweli au mchezo wa mwisho wa mchezaji hodari. Ilituachia sisi tuamue. Hilo si taji.

Tena, wauaji hao walikuwa na jukwaa muda mrefu kabla ya kamera ya mgeni kufika. Mwaka 1984, chini ya utawala wa Suharto, serikali ya Indonesia ilitengeneza filamu ndefu ya zaidi ya saa 4 juu ya usiku ule wa mwaka 1965 ambao maofisa wakuu wa jeshi walitekwa na kuuawa. Filamu hiyo ilionyeshwa katika televisheni kila mwaka, na wanafunzi walilazimishwa kuitazama, mpaka utawala huo ulipoanguka mwaka 1998. Ndani yake mna vifo vya majenerali sita, na damu si haba. Lakini mauaji ya raia yaliyofuata, yale ya nusu milioni au zaidi, yalikatwa yakaachwa nje. Huyo naye alikuwa mwenye mkasi! Hakuna aliyemwita mpenda giza. Aliitwa mwalimu wa taifa.

Hapa ndipo ninapotaka msomaji asimame kidogo. Kuna wahariri wa namna mbili. Mmoja hukata ili jambo lionekane. Mwingine hukata ili jambo lisionekane. Wa kwanza hulaumiwa kwa sababu kazi yake yaumiza macho. Wa pili hasemwi, kwa sababu kazi yake ni tamu, na alichokificha hakijulikani kuwa kimefichwa. Lakini kati ya hao wawili ni yupi aliye hatari kwa taifa? Wahenga walisema, mficha maradhi kifo humuumbua. Taifa lililofundisha watoto wake nusu ya habari kwa miaka mingi lilijificha ugonjwa wake lenyewe. Ilikuwa Januari mwaka 2023 Rais Joko Widodo alipotamka hadharani kwamba matendo yale ya mwaka 1965 na 1966 yalikuwa ukiukaji mkubwa wa haki za binadamu, akasema ayasikitikia. Tangu mauaji mpaka neno hilo ilipita zaidi ya miaka 56.

Nakubali jambo moja ambalo walaumu wameliona vema. Katika The Act of Killing sauti za waliodhulumiwa karibu hazisikiki. Kama kazi ingeishia pale, ningesema kesi imesikilizwa upande mmoja. Lakini haikuishia pale. The Look of Silence ni upande wa pili, na Andersen ndiye aliyeihariri. Humo twakutana na Adi, fundi wa miwani, ambaye kaka yake aliuawa kabla yeye hajazaliwa. Adi awaendea watu waliohusika na mauaji. Awapima macho, na huku akibadilisha vioo vya miwani awauliza waliyoyatenda. Katika filamu ya kwanza maneno ni mengi, kwa sababu wauaji walizoea kusema. Katika ya pili kimya ni kingi, kwa sababu wadhulumiwa walizoea kunyamaza. Muuaji anyamaza, binti wa muuaji anyamaza, Adi anyamaza, na mhariri hakiondoi kimya kile. Mhariri mwoga angekikata, akidhani kwamba mtazamaji atachoka. Yeye alikiacha kikae mpaka kikawa jibu.

Na hatari ilikuwa ya kweli. Jamaa ya Adi ililazimika kuhama kwao kwa ajili ya usalama. Tazama pia majina yapitayo mwishoni mwa The Act of Killing: Waindonesia wengi walioitengeneza, hata mmoja wa waongozaji, hawakuandikwa kwa majina yao. Waliandikwa kuwa watu wasiojulikana, tena na tena, mstari chini ya mstari. Wauaji walisema mbele ya kamera kwa majina yao kamili, na waliosaidia kuleta ukweli walificha yao. Asemaye kwamba filamu hii iliwapa wauaji jukwaa na asome orodha hiyo, kisha aniambie ni nani aliyekuwa na jukwaa katika nchi ile, na ni nani aliyekuwa uvunguni.

Sasa nifikie lawama ya tatu: kwamba watazamaji hawawezi kustahimili. Hoja hii huvaa nguo za huruma, na kwa hiyo hupata wafuasi wengi. Lakini sisi wa Afrika ya Mashariki twapaswa kuijua asili yake. Mwaka 1939 Waingereza walianzisha idara ya filamu za makoloni, na mkuu wake, William Sellers, alishikilia kwamba Mwafrika asiyesoma hawezi kuifuata filamu kama watu wengine. Alitaka picha ziende polepole, mambo yawe machache, na mkasi usiruke kutoka mahali hata mahali, ili mtazamaji asipotee. Filamu za idara hiyo zilizungushwa kwa magari katika vijiji vya makoloni, zikawafundisha watu usafi, kilimo na utii. Yale machungu ambayo watazamaji wenyewe waliyajua, kama kunyang'anywa ardhi na kazi za kulazimishwa, hayakuwa na nafasi katika mafunzo hayo. Kila mara mtu mkubwa asemapo kwamba watu fulani hawawezi kustahimili kuona, uliza kwanza ni kitu gani ambacho yeye hataki kionwe.

Sisemi kwamba kila picha ionyeshwe kwa kila mtu, na mtoto wa miaka 7 atazame kila kitu. Mzazi ana haki yake na mwalimu ana busara yake. Nasema kwamba mhariri mwema ndiye anayejua kipimo kuliko anayempigia kelele. Chukua mfano wa Ziva Postec, mwanamke aliyehariri filamu ya Shoah ya Claude Lanzmann, iliyotolewa Ufaransa mwaka 1985. Habari yake ni kuuawa kwa Wayahudi milioni 6 wa Ulaya, na urefu wake wapita saa 9. Alikaa na picha hizo karibu miaka 6 ya umri wake. Katika filamu nzima hamna hata picha moja ya zamani ya maiti. Kuna walionusurika wasemao, kuna majirani waliotazama, kuna watumishi wa mauaji waliopigwa picha kwa siri, na kuna mabonde, reli na misitu yenye majani mabichi juu ya mahali pa mauti. Mtazamaji haoni maiti, lakini hatoki vile alivyoingia. Sauti ya mzee mmoja juu ya uwanja mtupu yaweza kumfundisha kijana kuliko picha mia za kutisha, kwa sababu picha ya kutisha humfanya afumbe macho, na sauti ile humfanya afikiri.

Nami nitawauliza wenye kuwahurumia vijana: je, vijana wenu hawaoni giza leo? Waliona jana jioni, mikononi mwao. Kila mwenye simu siku hizi amekuwa mhariri. Kipande cha nukta thelathini chapita kutoka simu hata simu: mtu apigwa na umati, nyumba yawaka moto, mama alia. Hakina mwanzo, hatujui nani alimkosea nani. Hakina mwisho, hatujui kama aliyepigwa alipona. Kimekatwa kichwa na miguu, kikaandikiwa maneno ya chuki juu yake, na kabla ya jua kutua kimewafikia watu elfu, nao wamekasirika wasijue wamkasirikie nani. Hiyo ndiyo sumu. Wale wale wanaomwona Andersen kuwa mtu wa ajabu kwa kukaa miaka na habari ya mauaji, hupeleka mbele kipande kama hicho kwa kidole kimoja, wakiwa wanakunywa chai.

Tofauti kati ya mhariri wa kweli na mpelekaji wa vipande ni tofauti kati ya mwosha maiti na mpita njia anayefunua shuka ili achungulie. Wote wawili wameuona mwili. Mmoja alikaa nao, akaunyosha, akaufunika kwa adabu, akaurudisha kwa jamaa zake. Mwingine aliangalia, akakimbia kwenda kusimulia.

Wala sitaki nimfanye mhariri malaika. Aliye na uwezo wa kuacha saa 300 ana uwezo wa kudhulumu, na hata mwema hukosea. Filamu ya Human Flow ilipigwa katika nchi 23, na yetu ni mojawapo, maana kambi ya Dadaab imo. Kambi hiyo iko katika Kaunti ya Garissa tangu mwaka 1991. Watoto wamezaliwa humo, wakakua, wakazaa. Mwaka 2016 serikali ilitangaza kwamba itafungwa, na Februari mwaka 2017 Mahakama Kuu ilitamka kwamba agizo hilo lapingana na Katiba. Ni habari ya kutosha filamu kumi. Lakini filamu ya nchi 23 haiwezi kukaa sana na mtu mmoja, na Mkenya aitazamaye ana haki ya kunung'unika kwamba Dadaab yapita mbele yake kama mji uonwao kutoka angani. Nanung'unika hivyo mimi pia. Lakini manung'uniko yangu hayasemi kwamba giza lisingeguswa. Yasema kwamba lilihitaji kuguswa kwa muda mrefu zaidi, na kwa mikono ya watu wa karibu.

Mikono hiyo haikosekani. Judy Kibinge ametengeneza filamu juu ya mauaji ya Wagalla, huko Wajir, ya Februari mwaka 1984. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, iliyotoa ripoti yake mwaka 2013, ilipokea taarifa zaidi ya 40,000 kutoka kwa wananchi. Kila taarifa ni mtu aliyejikaza akasema. Basi ni nani atakayekaa na maneno hayo, ayasikilize yote, achague, apange, na kutuletea kitu ambacho mtoto wa shule aweza kukitazama akaelewa alikotoka? Hataweza mtu aliyefundishwa kwamba kupenda kazi hiyo ni ugonjwa wa moyo.

Kwa hiyo, kijana usomaye, nakupa maswali matatu, uyaulize mbele ya kila filamu na kila kipande kitakachokujia. Ni nini kilichokatwa mwanzoni? Ni nani ambaye hakupewa kusema? Na aliyekata, alikata ili mimi nione au ili nisione? Ukiyauliza kwa uaminifu utamtambua mwongo upesi, hata akiwa na sauti tamu. Na utamtambua mwema pia, hata akiwa amekuliza.

Na siku moja, kama utamsikia mtu katika jamaa yako akisema kwamba ataka kuwa mhariri wa filamu za mambo mazito, usimcheke wala usimwombee apone. Mpe maji, shuka na pamba, umfungie mlango afanye kazi yake. Mwosha huoshwa, walisema wazee. Nasi tunaotaka habari zetu ziguswe kwa heshima baada yetu, hapana budi tuwaheshimu leo wale wanaozigusa habari za wenzetu.